Kuufuata mzinga hadi topeni

Siku ya 1, 4 Julai. Mombasa

Nimefika Ngomeni kabla geti halijafunguliwa. Wauza madafu walikuwa ndio kwanza wanapanga mikokoteni, na kusi ilikuwa inapiga kutoka mlango wa bahari hadi ukanivua mtandio. Nje ya Fort Jesus kuna mizinga miwili ya chuma ambayo nimeipita tangu nikiwa mtoto. Mmoja ulitoka kwenye manowari ya Kijerumani iitwayo Königsberg, na wa pili kwenye manowari ya Kiingereza, Pegasus. Alfajiri ya tarehe 20 Septemba 1914, mwanzoni mwa Vita vya Kwanza vya Dunia, Königsberg iliikuta Pegasus imetia nanga Unguja ikitengenezwa mitambo, ikaipiga mpaka ikazama. Walikufa mabaharia 38. Sasa silaha za mahasimu hao wawili zinapigwa jua pamoja, na watoto wa shule huzikalia wapigwe picha.

Kwa miaka kadhaa nimekuwa nikisoma habari za ngome na vita vya pwani yetu, na karibu kila nilichosoma kinanieleza nani aliyefyatua. Nani aliyebeba hakielezi. Mtutu wa mzinga wa Königsberg peke yake una uzito wa tani 1 na nusu hivi. Meli yenyewe iliangamia ndani ya delta ya Rufiji, katikati ya mikoko, mahali pasipo na barabara. Mizinga yake yote 10 ilitolewa pale ikapelekwa Dar es Salaam, ikatengenezewa magurudumu kwenye karakana za reli, kisha ikasambazwa nchi nzima: Tanga, Kahe, Kondoa, Mwanza, hadi Ziwa Tanganyika juu ya meli ya Götzen, ambayo ndiyo Liemba ya leo. Imebaki mitatu: huu wa Mombasa, mmoja Jinja na mmoja Pretoria. Nimeamua niufuate mzinga huu kinyumenyume, kutoka hapa uliposimama hadi kwenye tope ulikotolewa, niwe Rufiji tarehe 11 Julai, siku ambayo Königsberg ilikufa mwaka 1915.

Kabla ya kuondoka nimeingia ndani nizitazame tena kuta. Wareno walianza kuijenga ngome hii mwaka 1593 kwa ramani ya Mtaliano Giovanni Battista Cairati, na mawe yake ni matumbawe ya bahari hii hii. Waomani waliizingira tangu Machi 1696 hadi Desemba 1698. Kila ninapofika kwenye kisima humwaza Sheikh Daud wa Faza. Katikati ya mwaka 1697 maradhi yalikuwa yamewamaliza Wareno waliokuwa ndani, na aliyebaki kuishika ngome ni yeye, pamoja na watu 17 wa ukoo wake, wanaume 8 wa Kiafrika na wanawake 50 wa Kiafrika. Jina la Daud tunalo. La mwanamke hata mmoja kati ya wale 50 hatuna, na wao ndio walioteka maji, wakapika, wakauguza, na kwa hesabu hiyo ndio waliokuwa wengi juu ya kuta.

Siku ya 2, 5 Julai. Likoni, Msambweni, Lunga Lunga, Tanga

Feri ya Likoni saa kumi na mbili, kisha matatu hadi Msambweni kwa shangazi. Amenikaribisha kwa mahamri na mbaazi, na kabla sijamaliza kikombe cha kwanza ameniuliza, "Bado unamtafuta?"

Namtafuta. Babu wa baba yangu alichukuliwa mwaka 1917, mwaka ambao serikali ya Kiingereza ilikusanya wapagazi kwa lazima katika nchi yote ambayo leo ni Kenya. Waliitwa Carrier Corps, na midomo ya watu ikaifanya Kariakoo. Hakurudi. Nyanya alikuwa akisimulia kwamba walingoja miaka miwili, kisha wazee wakasema basi, wakakaa matanga bila maiti. Nguo yake moja ndiyo iliyotolewa sadaka.

Lililonichoma leo ni jina. Shangazi analo moja. Ami yangu, ambaye alikuja baadaye na kukaa barazani, analo jingine, na kila mmoja ana hakika kabisa. Wamebishana kwa upole, kama watu waliokwisha kubishana hivyo mara nyingi. Shangazi anasema lile la ami ni la nduguye marehemu. Nimeandika yote mawili kwenye daftari.

"Aliyemwandika alikuwa mgeni," ami amesema. "Aliandika alivyosikia. Hata ukilikuta kwenye karatasi zao, huenda usilijue."

Nilimwambia jambo ambalo huwasumbua watu wengi wa huku nikiwaeleza: babu yetu alibebea Waingereza, kwa hiyo hakuuvuta mzinga wa Königsberg. Waliouvuta walikuwa watu wa upande wa pili, wa Rufiji na Uzaramo, waliokuwa chini ya Mjerumani. Lakini mzigo ulikuwa mmoja, na lugha ya kambini ilikuwa moja, pande zote mbili: Kiswahili. Ami alinyamaza kidogo, akasema, "Basi ikiwa walikutana njiani, walisalimiana."

Baada ya mpaka wa Lunga Lunga na Horohoro niliomba dereva anionyeshe upande wa bahari ilipo Jasin. Tarehe 18 na 19 Januari 1915 wanajeshi wa Kihindi wa jeshi la Kiingereza walizingirwa hapo kwenye boma lililozungukwa na mkonge, wakapigana hadi risasi zikawaishia. Ushindi ule ulimgharimu kamanda wa Wajerumani, Paul von Lettow-Vorbeck, maafisa wengi kiasi kwamba hakutaka tena vita vya ana kwa ana vya namna ile. Akageukia vita vya kuhama. Na vita vya kuhama, katika nchi ambayo mbung'o huua farasi na ng'ombe, maana yake ni mabega ya watu. Siku mbili za Jasin ziliwafikia watu wa vijiji vya mbali ambao hawakuwahi hata kulisikia jina lake.

Siku ya 3, 6 Julai. Tanga

Nimetembea mchana kutwa. Kwanza Ras Kazone, waliposhukia askari wa Jenerali Arthur Aitken wa jeshi la Kiingereza tarehe 2 na 3 Novemba 1914. Walikuwa karibu 8,000, wengi wao kutoka India, waliokaa wiki kadhaa kwenye meli wakitapika. Kabla ya kushuka, manowari Fox ilitia nanga mbele ya mji na nahodha wake akauliza kama bandari imetegwa mabomu ya baharini, akawapa Wajerumani muda wa kusalimu amri. Muda huo ndio uliotumiwa kuleta wanajeshi kwa treni kutoka Moshi. Lettow-Vorbeck alikuwa na watu 1,000 hivi.

Tanga haikuwa na ngome. Ngome yake ilikuwa reli. Mkato wa reli na nyumba za mawe za ukingoni mwa mji ndivyo vilivyotumika kama mahandaki, na nimepita kando ya njia hiyo nikijaribu kuona kile alichokiona askari aliyelala pale na bunduki: mashamba, michungwa ya watu leo, wakati ule mpira, mkonge na minazi, na mbele ya macho yake vichaka ambamo huwezi kumwona mtu hadi akufikie.

Kiswahili kina neno moja kwa vitu viwili, mzinga wa vita na mzinga wa nyuki. Tarehe 4 Novemba Tanga ilipigwa na yote miwili. Risasi za bombomu, yaani bunduki za rashasha, zilipita kwenye miti iliyotundikwa mizinga ya nyuki, nyuki wakatoka kwa hasira, wakawauma wa huku na wa kule. Huko Uingereza yaliandikwa madai kwamba Wajerumani waliwatega nyuki makusudi. Si kweli. Lakini habari ya nyuki imesimuliwa mara nyingi mno kama kichekesho, na mimi leo nimekaa chini ya mbuyu nikiwaza jambo ambalo sijaliona likiulizwa: mizinga ile ilikuwa ya nani? Nyuki wa kufugwa wana mwenyewe. Kuna mtu aliyechonga gogo, akalipanda mtini, akasubiri msimu. Asali ile ilikuwa mahari, au kodi, maana kodi ya Mjerumani ililipwa kwa fedha taslimu na fedha ilipatikana kwa kuuza kitu. Asubuhi ya tarehe 5 Waingereza walipokuwa wanarudi melini, mtu huyo alitoka mafichoni akakuta nini?

Mzee mmoja muuza kahawa karibu na soko, niliyemsalimia shikamoo nikaketi, aliniambia kwamba watu walikimbilia upande wa Pongwe na vijiji vya nyuma, na waliorudi mapema walirudi kwa sababu ya mbuzi. Alisema hilo kwa uzito, na mimi naliamini zaidi ya mengi yaliyoandikwa. Mtu haachi mbuzi.

Waingereza waliacha nyuma zaidi ya maiti 350, bunduki 455, bombomu 16 na risasi 600,000. Silaha hizo ziliwavisha askari wa Kijerumani vikosi kadhaa. Kila mara nikifika kwenye orodha hiyo huhesabu kwa njia yangu: mpagazi mmoja alibeba kilo 25 hivi. Risasi zile ziliondoka ufukweni mgongoni mwa nani?

Siku ya 4, 7 Julai. Tanga

Saba Saba, ofisi zimefungwa, mji umetulia. Nimekwenda kwenye makaburi ya kumbukumbu ya waliokufa Tanga na Jasin. Majani yamekatwa vizuri. Nimesoma majina ya vikosi vya India kwa sauti, mmoja mmoja, kwa sababu nilikuwa peke yangu na sikutaka wasomwe kimyakimya.

Jioni nimeulizia njia ya kwenda Manza, kaskazini mwa mji, ilikofika meli ya Rubens tarehe 14 Aprili 1915 imejificha chini ya bendera ya Denmark, ikiwa na makaa ya kuiokoa Königsberg. Manowari Hyacinth iliifukuza hadi ghubani, ikawaka moto. Makaa hayakuokoka kuwa na faida, lakini risasi zilizozama zilitolewa majini na kuanikwa. Kwa usafiri wa sikukuu sikufika. Nimeandika tu kwamba sharti nirudi, kwa sababu waliopiga mbizi ghubani humo bila shaka walikuwa wavuvi.

Siku ya 5, 8 Julai

Basi, Tanga hadi Dar es Salaam kupitia Segera na Chalinze. Limejaa watu wanaorudi kutoka sikukuu. Nimelala.

Siku ya 6, 9 Julai. Dar es Salaam

Nimeanzia Kivukoni, kwenye mlango mwembamba wa bandari. Agosti 1914 Wajerumani wenyewe walikizamisha chelezo chao kinachoelea ili kuuziba mlango huu, na tarehe 8 mwezi huo manowari Astraea ikaupiga mnara wa simu ya upepo wa mji. Kulinda bandari kwa kuivunja: hiyo nayo ni aina ya ngome.

Baadaye baadhi ya mizinga ya Königsberg ilielekezwa baharini kuulinda mji huu. Haikuuokoa. Waingereza waliingia tarehe 4 Septemba 1916 wakitokea upande wa Bagamoyo, na mtaa walikowaweka wapagazi wao ukaitwa Kariakoo. Nimekwenda huko mchana. Nimesimama kwenye kona moja nikitazama vijana wamejitwisha marobota ya vitenge wakipasua umati, "kando, kando, mzigo!" Nimewauliza watu wanne asili ya jina la mahali walipo. Wawili walijua. Mama mmoja muuza dagaa alijua vizuri sana: "Kambi ya wabeba mizigo, dada. Babu zetu walifia humu kwa kuhara."

Alisema kweli. Risasi haikuwaua wapagazi kama walivyouawa na kuhara damu, malaria, nimonia na unga usioiva. Hesabu rasmi ya waliokufa upande wa Waingereza ni zaidi ya 95,000, na watafiti wengi wanaiona ndogo. Mishahara ya marehemu wengi haikufika kwa wenyewe, kwa kuwa warithi hawakupatikana, au hawakutafutwa, na fedha zikabaki mikononi mwa serikali. Mwaka 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri katika ripoti yake kwamba watu wasiopungua 116,000, na pengine hadi 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakuandikwa majina au hawakukumbukwa kabisa.

Kisha Mtaa wa Samora, kwenye Sanamu ya Askari, lililosimamishwa mwaka 1927. Wenziwe wako Nairobi na Mombasa. Maandishi yako kwa Kiingereza na Kiswahili. Yanawataja wapagazi kuwa ndio miguu na mikono ya jeshi. Na yanaahidi kwamba anayeipigania nchi yake, hata akifa, wanawe watalikumbuka jina lake.

Nimeyasoma mara nyingi haya maneno nikiwa darasani nafundisha. Leo nimeyasoma nikiwa na daftari lenye majina mawili ya mtu mmoja, na wanawe hawakubaliani. Nilikaa kwenye ukingo wa mzunguko wa barabara mpaka polisi wa trafiki akaja kuniuliza kama naumwa. Nilimwambia hapana, namngoja mtu.

Siku ya 7, 10 Julai. Nyamisati

Gari hadi Bungu, kisha vumbi jekundu hadi Nyamisati. Hapa ndipo meli na mashua za Mafia hupakia. Mafia ilitekwa na Waingereza Januari 1915 kwa sababu moja kuu, iwe kituo cha kuiua Königsberg: pakasafishwa uwanja wa ndege ndogo, na zikangojwa meli Severn na Mersey. Hizo zilijengwa Uingereza kwa ajili ya Brazil, chini zimekuwa bapa, zinaelea kwenye maji yasiyofika mita 2. Zilikokotwa kutoka Malta hadi Mafia.

Nimelala kwa mwenyeji wa nyumba ya wageni ambaye ameniandalia wali na kamba. Usiku nimesoma tena kuhusu mtu aliyekufa mbele zaidi, upande wa bara, tarehe 4 Januari 1917: Frederick Selous, mwindaji, aliyepigwa risasi Beho Beho. Kaburi lake linajulikana, na pori kubwa kuliko nchi kadhaa lilibeba jina lake kwa miongo mingi, hadi sehemu yake kubwa ilipofanywa Hifadhi ya Taifa ya Nyerere mwaka 2019. Miezi michache baada ya kifo chake Rufiji ilifurika. Jeshi likakwama, chakula kikakatika, wapagazi wakafa kandokando ya njia ile ile. Simwonei kijicho marehemu. Namtaja kwa sababu alizikwa kwenye udongo ule ule waliolala wao, mwaka ule ule, na jina lake liko.

Siku ya 8, 11 Julai. Delta ya Rufiji

Tumeondoka na maji ya kwanza kujaa, mimi, nahodha, utingo wake na mzee wa miaka themanini na kitu ambaye nahodha alisema lazima nimchukue. Mdengereko, kimo kifupi, sauti ya chini. Boti ya mashine iliingia kwenye mikoko na bahari ikafungika nyuma yetu kama mlango.

Sasa naelewa kwa mwili kile nilichokuwa naelewa kwa kusoma. Delta hii yenyewe ndiyo ngome. Mito inagawanyika, inakutana, inafanana. Kuna mkandaa, msinzi, mchu, mlilana, ukuta juu ya ukuta. Kapteni Max Looff aliiingiza Königsberg humu baada ya Unguja kwa kuwa mitambo ilikuwa imeharibika. Vipande vya mitambo hiyo vilikokotwa nchi kavu hadi Dar es Salaam vikatengenezwe, kisha vikarudishwa kwa njia hiyo hiyo. Meli ikafunikwa matawi. Midomoni mwa mito, Simba Uranga na Kikunya, vikachimbwa vijihandaki, vikatiwa bombomu na mizinga midogo chini ya Werner Schönfeld. Waingereza waliigundua mwishoni mwa Oktoba 1914, na hata hivyo iliwachukua zaidi ya miezi minane kuifikia.

Shambulio la tarehe 6 Julai 1915 lilishindwa. Tarehe 11 Severn na Mersey ziliingia tena Kikunya, ndege ikiwa juu inaelekeza shabaha kwa simu ya upepo. Ndege ilipigwa, ikaendelea kutuma ishara huku inaanguka mtoni, na rubani na mwenzake wakaokolewa. Mchana Königsberg ilikuwa inawaka. Looff, akiwa amejeruhiwa, aliamuru ilipuliwe.

Mzee aliniacha niyaeleze yote hayo. Kisha akasema, "Haya ni ya meli. Sasa sikia ya watu."

Babu yake alikuwa mkata boriti. Delta hii imeuza boriti za mikoko Uarabuni kwa karne nyingi, na wakata boriti walijua kitu ambacho hakuna mhandisi wa Kijerumani aliyekijua: jinsi ya kutembeza mzigo mzito juu ya tope. Unalaza magogo, unapaka maji, unavuta maji yanapopwa, unapumzika yanapojaa. Wakachukuliwa wao. Mzee alisema babu yake alikuwa na kovu begani, refu kama kiganja, kwa kamba ya nazi, na wajukuu waliruhusiwa kuligusa. Alisema wenzake wawili walifia kazini, mmoja alibanwa na gogo, mwingine alizama usiku. Akataja majina yao, na majina ya baba zao, bila kusita hata kidogo. Kisha akalitaja la babu yake, la baba wa babu yake, na kijiji cha kila mmoja.

Nilimwomba arudie polepole. Aliyarudia mara tatu, akingoja kalamu yangu.

Mahali penyewe, upande wa Salale, hapana cha kuona. Mabaki ya meli yamemezwa na tope. Mzee alinyoosha mkono kwenye maji ya kahawia yasiyo na tofauti na mengine, akasema "hapa", na nahodha akazima mashine. Tulisoma Fatiha.

Tulikaa kupita kiasi. Maji yalianza kupwa, na tulipogeuka boti ikapanda fungu, ikakaa. Nahodha alishuka, utingo akashuka. Mzee alifunga shuka yake kiunoni, na yeye akashuka, nikaona haya kubaki. Tope lilinifika mapajani, la baridi, lenye kunyonya, na ukivuta mguu mmoja wa pili unazidi kwenda chini. Nilishika ukingo wa boti kwa mikono miwili. Boti yetu haifiki hata nusu ya uzito wa ule mtutu.

"Harambee!" mzee akaita.

"Hee!" tukaitikia, tukavuta, na haikutikisika.

"Harambee!"